Radhi si Msamaha: Kusema na Kunyamaa katika Utendi wa Mwana Kupona, kwa Masikio ya Mikindani

Kabla jeneza halijasaliwa, ni desturi ya Waislamu wa Mombasa, kuanzia Mji wa Kale mpaka vitongoji vya bara vya Jomvu na Mikindani, mmoja wa jamaa za marehemu kusimama mbele ya waliohudhuria na kutamka mambo mawili. La kwanza ni deni: aliyekuwa akimdai marehemu ajitokeze kwa warithi. La pili ni ombi: waliokosewa na marehemu wamsamehe na wamwie radhi. Waliohudhuria huitikia kwa sauti moja, na jeneza hunyanyuliwa. Mambo haya hupita kwa dakika chache, na kwa kuwa yamezoeleka, ni nadra mtu kujiuliza kwa nini ombi hilo la pili lina vitenzi viwili. Je, kusamehe na kuwia radhi ni kitu kimoja kilichotajwa mara mbili kwa ajili ya kutia mkazo, kama ilivyo kawaida ya lugha ya ibada, au ni vitu viwili ambavyo kimoja hakitoshi bila ya kingine?

Makala haya yanashikilia kuwa ni vitu viwili, na kwamba tofauti yao ndiyo ufunguo wa kuusoma upya utungo mmoja uliosomwa sana na kubishaniwa sana: Utendi wa Mwana Kupona. Kwa muda mrefu wahakiki wameuhukumu utendi huu kwa swali la utiifu: je, unamfundisha mwanamke kuwa mtumwa wa mumewe, au unamfundisha hekima ya kuishi? Swali hilo ni halali, na haliwezi kuepukwa. Lakini limeziba jingine, nalo ni la mawasiliano: katika utendi huu ni nani anayesema, ni nani anayenyamaa, na ni neno gani hasa linalosubiriwa kutoka kinywani mwa nani?

Msamaha na radhi

Tofauti ya maneno haya mawili huonekana zaidi katika matumizi kuliko katika maelezo. Msamaha una kosa lake. Anayesamehe husamehe jambo fulani, na anayeomba msamaha, hata asipolitaja kosa, hudhaniwa kuwa analijua. Likisha kusamehewa, jambo limekwisha, na wahusika wanaweza kila mmoja kushika njia yake wasionane tena. Radhi haina kosa, ina mtu. Husemwa kuwa fulani ana radhi ya mamake au hana, na kauli hiyo haihusu tendo moja bali hali nzima ya kuishi baina ya wawili. Bibi arusi wa Mombasa huomba radhi kwa wazazi wake kabla ya kuolewa, na msafiri wa Hija huomba radhi kwa jirani zake kabla ya kuondoka, na hakuna anayeuliza wamekosa nini. Yumkini hawakukosa lolote. Wanachotaka ni neno litakalowathibitishia kuwa hakuna kilichobaki moyoni mwa mwenzao.

Kwa hiyo msamaha unaweza kutolewa kimoyomoyo, mkosaji asijue. Radhi haiwezi. Radhi isiyotamkwa haimfai anayeihitaji, kwa sababu anachohitaji ni kuisikia.

Kisa cha Nabii Yusufu, ambacho washairi wa pwani wamekitungia tendi, kinaonyesha jambo hili vizuri. Ndugu waliomtupa kisimani wanapomtambua huko Misri, Yusufu anawaambia papo hapo kuwa siku hiyo hapana lawama juu yao. Wanaporejea kwa baba yao na kumtaka awaombee maghufira, Mzee Yaakubu hasemi kuwa amekwisha waombea, anasema atawaombea. Wafasiri wengi wa Kurani wamesimama hapo na kueleza ucheleweshaji huo, baadhi yao wakisema kuwa mzee aliingoja saa ya usiku ambayo dua hupokewa. Kwa mhakiki wa fasihi, lililo muhimu ni umbo la kisa chenyewe. Ndugu kwa ndugu, neno moja limetosha. Kwa baba, jambo linahitaji muda, kwa kuwa yeye hakutendewa kosa moja tu, bali amepitisha miaka ya kilio na upofu pamoja na watu waliokuwa wakimdanganya kila siku. Kinachotakiwa kitengenezwe hapo ni ukoo.

Mwaka wa kimya

Utendi wa Mwana Kupona ulitungwa mwaka 1858, Hijria 1275. Mtunzi wake, Mwana Kupona binti Msham, alikuwa mjane wa Bwana Mataka, mtawala wa Siyu katika kisiwa cha Pate aliyepambana na utawala wa Sayyid Said wa Unguja. Aliutunga kwa ajili ya bintiye, Mwana Hashima, akiwa mgonjwa, na akafariki karibu na mwaka 1860. Utendi umechapishwa mara nyingi: Alice Werner na William Hichens waliutoa mwaka 1934 kwa jina la Kiingereza lililotaja wajibu wa mke, J. W. T. Allen akautia katika mkusanyiko wake wa tendi wa mwaka 1971, na M. M. Mulokozi akaujumuisha katika Tenzi Tatu za Kale mwaka 1999. Jina la toleo la 1934 halikuwa dogo kwa athari yake. Tangu hapo wasomaji wengi wameuingia utendi wakiwa tayari wameambiwa watakachokikuta ndani.

Ukisomwa bila ya jina hilo, utendi hauanzi na mume. Unaanza na mama aliyeshindwa kusema na mwanawe. Katika beti za mwanzo Mwana Kupona anaeleza kuwa ugonjwa umemshika hata ukatimia mwaka, na kwamba katika muda huo wote hakupata kutamka neno jema la kumwambia binti. Kisha anamtaka asogee, akae, na alete wino na karatasi, kwa kuwa moyoni mna hadithi anayopenda kumsimulia. Kila mausia yanayofuata, yawe ya dini, ya adabu, ya nyumba au ya ndoa, yamo ndani ya tukio hili la kuuvunja mwaka wa kimya. Mhakiki anayeyang'oa mausia kutoka katika tukio hilo na kuyapanga kama sheria huwa ameugeuza utendi kuwa kitu ambacho mtunzi hakukitunga.

Jambo hili lina uzito kwa sababu ya orodha mashuhuri iliyomo katika utendi. Mtunzi anamwambia binti kuwa mtu hapati utulivu wa dunia na akhera ila kwa radhi tano: ya Mungu, ya Mtume, ya baba, ya mama na ya mume. Wahakiki waliolaumu utendi wameikazia macho radhi ya tano na kuiruka ya nne. Lakini anayesema ni mama. Anapoihesabu radhi ya mama miongoni mwa tano, anajihesabu yeye mwenyewe, na anajua kuwa hana siku nyingi za kuitoa. Hivyo utendi si maelezo juu ya radhi tu; ni radhi inayotolewa. Ndiyo maana mtunzi anayaita maneno yake hirizi na kidani cha lulu na marijani, vitu vinavyovishwa mtu mwilini kwa mkono wa mwingine. Binti anaposikia utendi hadi mwisho, moja kati ya zile tano ameshaipata.

Mtoto asiyejua kunena

Ugumu uko katika beti za ndoa, na hapana haja ya kuulainisha. Mke ameagizwa akae na mumewe kwa adabu, asimtie ghadhabu. Akinena asimjibu, ajitahidi kunyamaa. Asimwamshe aliyelala. Asikatae alichoamriwa, na mume akileta maovu, Mola ndiye atakayemtetea mke. Kwa msomaji wa leo maagizo haya ni kufungwa mdomo. Mwanafunzi wa chuo kikuu aliyekulia Mikindani, katika nyumba za vyumba vya kupanga ambamo ugomvi wa mke na mume hupenya ukuta na kufika kwa jirani kabla haujaisha, anajua vilevile kuwa kunyamaa kwa mmoja si lazima kulete amani. Mara nyingi huleta kimya ambacho methali imekwisha kukieleza kuwa kina mshindo mkuu. Mhakiki anayeutetea utendi kwa kusema kwamba hiyo ndiyo dini, na anayeushutumu kwa kusema kwamba huo ndio udhalimu, wote wawili wanakubaliana juu ya jambo moja: kuwa katika nyumba hii mume ndiye msemaji na mke ndiye bubu.

Utendi wenyewe haukubaliani nao. Katika beti hizohizo mke anaambiwa amtunze mume kama mtoto asiyejua kunena, na awe mwangalifu kwa kila kinachoingia na kinachotoka. Mfano huu umetajwa mara kwa mara kama ushahidi wa unyenyekevu. Lakini ni mfano wa ajabu kuuchagua kwa bwana wa nyumba. Kichanga ni kiumbe kinachotaka bila ya kuweza kusema kinachotaka. Hulia, hukasirika, na mlezi hana budi kukisia. Kwa hiyo ghadhabu ya mume, katika mantiki ya mfano huu, inashuka daraja. Si amri ya mwenye akili pevu, ni kilio cha asiyekuwa na maneno. Na mke anayenyamaa hayuko katika hali ya anayenyamazishwa, kwa maana ndiye mwenye kujua kunena miongoni mwao.

Ann Biersteker, katika makala yake ya mwaka 1991, aliuchunguza upya utendi huu kwa upande wa lugha na mamlaka, akaonyesha kuwa hausomeki kwa urahisi kama fundisho la utii. Kitenzi cha kupumbaza, ambacho mama anamtaka binti akitumie kwa mumewe, kinabeba utata wa namna hiyo: kwa msomaji wa leo kupumbaza kunakaribia kuhadaa, na hivyo agizo linaweza kusikika kama kicheko cha siri baina ya wanawake wawili. Usomaji wa kejeli unavutia, ila una kikwazo. Baadaye, mtunzi anapomkumbuka marehemu mumewe, anasema kuwa tangu hapo hajanyamaa kulia kila akumbukapo pumbao na wingi wa mazoea. Pumbao hilo ni la mzizi mmoja na kupumbaza. Mtu hamlilii aliyemhadaa kwa kukumbuka hadaa. Hapa neno lina maana yake ya zamani ya kustarehesha na kuliwaza, na maana hiyo inarudi nyuma na kuliangaza agizo la mwanzo. Tena anayesema kuwa hajanyamaa ndiye yuleyule aliyemwagiza binti kunyamaa. Kitenzi ni kimoja. Kunyamaa kulikuwa ni kwa ajili ya mume aliye hai. Mume alipoondoka, sauti ikarudi, ikawa kilio na kisha ikawa utendi.

Radhi iliyokaririwa

Beti zinazosimulia ndoa ya mtunzi mwenyewe ni chache, lakini ndizo zinazoubeba utendi mzima. Anamwambia binti kuwa aliishi na babake kwa furaha na kicheko, wasiondoleane heshima siku zote walizokaa pamoja. Hata siku moja hawakuteta. Ovu lake halikumpata mume, wala la mume halikumpata yeye. Kisha faradhi ilipofika, mume alimkariria radhi.

Kuna mambo mawili hapa yasiyopasa kupitwa. La kwanza ni sarufi. Katika beti za mausia vitenzi vinaelekea upande mmoja: mke anatenda, mume anatendewa. Katika beti za kumbukumbu vinageuka kuwa vya kutendana. Heshima haikuondolewa na yeyote kwa yeyote, na maovu yanatajwa kwa pande mbili, langu na lake, kwa mizani sawa. Ikiwa ndoa iliyosifiwa ni ya kutendana, mausia ya upande mmoja hayawezi kuwa picha kamili ya ndoa hiyo. Labda ni nusu yake tu, ile nusu ambayo mama anaweza kumwagiza binti. Nusu ya pili ilikuwa ya mume, na utendi haukuandikiwa waume.

Jambo la pili ni fumbo. Ikiwa hawakuteta hata siku moja, na hapana ovu lililompata yeyote, radhi ilikuwa ya nini? Msomaji anayechukulia kuwa radhi ni msamaha hana njia ya kulijibu swali hili ila kwa kudai kuwa mjane anaipamba ndoa yake, kwamba magomvi yalikuwepo na anayaficha. Inawezekana, wajane hupamba. Lakini haihitajiki. Radhi haina haja ya kosa. Mume anayeaga hamsamehi mkewe jambo lolote. Anamwambia kuwa yuko radhi naye, kwamba maisha yote waliyoishi, yakikunjuliwa mbele yake, anayakubali. Tena hakusema mara moja. Mtunzi amechagua kitenzi cha kukariri, kitenzi cha darasani na cha dua, ambacho maana yake ni kurudia ili kisisahaulike. Mwenye kukariri anajua kuwa msikilizaji atalihitaji neno hilo baada ya yeye kutokuwepo.

Uzito wa neno hilo unaonekana unapowekwa kando ya ubeti unaowatisha wasomaji kuliko mwingine wowote, ule unaosema kuwa siku ya kufufuliwa shauri litakuwa la mume: ataulizwa anachotaka, na akitaka mke aende peponi ataingia papo hapo, akisema aende motoni hana budi kutiwa. Ubeti huu umewaudhi wahakiki wengi, na kwa haki. Lakini ukiusoma katika mfululizo wa usemi na ukimya uliokwisha kuelezwa, unaleta tishio la aina maalumu. Yule asiyejua kunena duniani ndiye atakayeulizwa akhera. Mke atapitisha umri wake akitunza kinywa kisichosema, bila ya kujua siku hiyo kitasema nini. Hofu kubwa ya utendi huu ni kutojua hiyo, na inapita hofu ya adhabu ya mume. Mwana Kupona ameokoka nayo kwa kuwa alisikia jibu kabla ya swali kuulizwa. Mumewe alinena, akakariri, hapa duniani, kitandani, mkewe akisikia. Mamlaka ya mama ya kumuusia binti yanatoka katika kusikia huko, kuliko yanavyotoka katika utiifu wake.

Waliokuwa nje ya radhi

Usomaji huu hauusafishi utendi, na upo upande ambao haustahili kusafishwa. Orodha ya radhi tano ina wapokeaji na watoaji. Mke ni mpokeaji kwa mume. Hakuna mahali ambapo mume ameambiwa aitake radhi ya mke. Kama Bwana Mataka naye aliomba radhi pale kitandani, mtunzi hakusema. Vitenzi vya kutendana vinaashiria kuwa jambo hilo lingewezekana, lakini ashirio si kauli.

Wapo pia ambao hawamo katika orodha hata kwa mbali. Mama anamwonya binti asichanganyike na watumwa ila wakati wa kazi. Katika nyumba ya Siyu ya 1858 walikuwemo watu waliopika, waliofagia, waliosikia kila kilichosemwa na kila kilichonyamaziwa, na ambao radhi yao haikuhesabiwa kuwa na thamani kwa yeyote. Walikuwa na maneno, bila shaka; hawakuwa na nafasi ya kuombwa. Bara ya Mombasa inaukumbuka upande huo wa historia kuliko visiwa. Frere Town ya Kisauni ilianzishwa na wamishenari katika miaka ya 1870 kwa ajili ya waliookolewa kutoka utumwani, na Rabai, isiyo mbali na Jomvu, ilikuwa kimbilio la watoro. Utumwa haukufutwa kisheria katika Kenya mpaka 1907. Msomaji wa Mikindani anaweza kuwa na nasaba ya walioagiza, ya walioagizwa au ya zote mbili, na utendi unapofundishwa kama hazina ya wote inafaa ubeti huo usomwe kwa sauti ileile inayosomewa beti za kidani cha lulu.

Masikio ya Mikindani

Inafaa basi kuuliza utendi wa Siyu una nini cha kuwaambia watu wa Mikindani hii ya Mombasa (isichanganywe na ile ya Mtwara), kitongoji kilicho kwenye barabara kuu ya Nairobi, baina ya Changamwe na Miritini. Jirani yake Jomvu Kuu ni mji wa kale wa Wajomvu, mojawapo ya taifa kumi na mbili za Waswahili wa Mombasa. Mikindani yenyewe imejazwa na watu waliofuata kazi za bandari, za reli na za kiwanda cha kusafisha mafuta cha Changamwe, kilichofanya kazi hiyo tangu 1963 mpaka 2013: Wamijikenda, Wataita, Wakamba, Waluo, Waluhya na wengineo, Waislamu kwa Wakristo. Kiswahili ndicho kinachowaunganisha uani, na kwa hiyo ndicho wanachokoseana kwacho na kutakana radhi kwacho, hata kama mmoja amerithi neno radhi kutoka kwa nyanya yake na mwingine amelisikia kwa mwenye nyumba.

Mahali kama hapo neno la moja kwa moja ni ghali. Ua ni mmoja, bomba ni moja, na anayesema na mmoja anasikiwa na wote. Ndiyo sababu leso ya kanga haijapoteza kazi yake ya kusema. Kanga zenye alama ya Mali ya Abdulla, za duka la Kaderdina Hajee Essak lililoanzishwa Mombasa mwaka 1887, zimewavisha wanawake wa pwani maneno kwa vizazi kadhaa. Jina la kanga linaweza kumsuta jirani, kumbembeleza mume, au kumtaka radhi mkwe, bila ya aliyeivaa kufungua mdomo. Wahakiki wa fasihi simulizi wamezoea kuusifu usemaji huu wa mafumbo, na ni kweli una ufundi. Lakini kwa mizani ya Mwana Kupona una upungufu mmoja. Maneno ya kanga hayana mwenyewe. Aliyeivaa anaweza kusema kuwa aliipenda rangi. Aliyeisoma anaweza kujidai kuwa hakuisoma. Hivyo kanga inaweza kuanzisha ugomvi na inaweza kuulainisha, lakini haiwezi kutoa radhi, kwa sababu radhi lazima ijulikane imetoka kwa nani kwenda kwa nani. Kwa shughuli hiyo hata watu wa mafumbo humtafuta mtu mzima wa kuwakutanisha, akaketi kati yao, na maneno yakatamkwa.

Upungufu huo umeongezeka kwa njia ambayo mtunzi wa Siyu asingeweza kuiwazia. Kila Ramadhani inapokaribia, simu za Mombasa hujaa ujumbe wa kutakana radhi. Maneno huwa mazuri, aghalabu ya kishairi, na huwa ni yaleyale: yameandikwa na mtu asiyejulikana, yakapokewa na kupelekwa kwa kila jina lililomo katika simu, la mama, la fundi bomba, la mdeni. Si haki kuyadharau. Yapo magomvi yaliyokwisha kwa sababu ujumbe kama huo ulimpa mtu kisingizio cha kujibu. Hata hivyo kimuundo ni mtungo usiokuwa na msikilizaji. Mwana Kupona alimwita mtu mmoja kwa jina la mwana, akamtaka asogee mpaka pale alipo. Bwana Mataka alikariri kwa mtu mmoja. Ujumbe unaotumwa kwa wote nao umekaririwa, mara nyingi kuliko radhi yoyote ya zamani, na bado mama anayeupokea kutoka kwa mwanawe asiyekanyaga nyumbani mwaka mzima hajui kama ametajwa.

Huenda desturi ya mbele ya jeneza ndiyo inayowashtua wanaosoma utendi huu darasani, kwani yenyewe nayo ni ombi kwa wote. Tofauti ni kuwa pale anayeombewa hawezi tena kusema, na jamaa anazungumza kwa niaba yake. Vitenzi vile viwili vinagawana kazi: wenye makosa ya kutaja wayasamehe, na wasiokuwa nayo, ambao ni wengi zaidi, wamwie radhi. Wanaoitikia wanafanya kwa sauti lile ambalo pengine walikuwa na nafasi ya kulifanya wiki iliyopita kwa sauti ya chini, wamekaa barazani.

Limebaki neno moja la mwanzo wa utendi. Mama anapomaliza kumtaka binti asogee, anamtaka ataje jina la Mungu kwa kitenzi kilichotoka katika Kiarabu cha kuandika: kutubu. Wenye kuhariri wamekieleza hivyo, na hapana shaka kuwa ndiyo maana iliyokusudiwa, kwa kuwa wino na karatasi vimeshatajwa. Lakini sikio la Mikindani, kama sikio la Mswahili yeyote wa leo, linapolisikia neno hilo husikia toba kwanza. Wanafunzi hukosea hapo na mwalimu huwasahihisha. Kosa lao si baya sana. Kwa agizo hilo aliyeshika kalamu ni binti, na mama ndiye anayenena. Maneno yote ya radhi yaliyotufikia yamepita mkononi mwa yule aliyekuwa akiyasubiri.